Hans Mdogo Aliyekwenda Vitani

Mwaka 1977 ilitoka filamu ya vita ambayo, kabla mhusika wake hata mmoja hajatamka neno, huanza na sauti za watoto wakiimba. Wimbo wenyewe ni "Hänschen klein", yaani Hans mdogo, ambao mtoto wa Kijerumani huujua kabla hajajua kusoma. Lakini picha zinazopita huku watoto wakiimba si za bustani wala za vipepeo. Ni picha za zamani, nyeusi na nyeupe, zilizotolewa katika hifadhi za filamu za habari: vijana wa Hitler wakipanda mlima na bendera yao, Hitler mwenyewe akiwa kati ya watoto, umati ulionyoosha mikono, kisha matope, theluji, vifaru na maiti. Wimbo hukatizwa na mdundo wa muziki wa kijeshi, ukarudi, ukakatizwa tena, mpaka masikio yakashindwa kuutenga mmoja na mwingine.

Filamu hiyo ni "Cross of Iron", Msalaba wa Chuma, iliyotengenezwa kwa ushirikiano wa Uingereza na Ujerumani Magharibi na kuongozwa na Mmarekani Sam Peckinpah. Wajerumani waliiita "Steiner", kwa jina la mhusika mkuu. Filamu nzima huenda kwa saa mbili na zaidi, lakini zile dakika chache za mwanzo, zinazobeba majina ya waigizaji na mafundi, zingeweza kukatwa zikaonyeshwa peke yake, nazo zikawa filamu fupi iliyokamilika. Zina mwanzo wake, kilele chake na maombolezo yake, na zote zimejengwa juu ya wimbo mmoja wa chekechea.

Kuufanya wimbo kuwa filamu fupi halikuwa jambo geni kwa Wajerumani. Mnamo Agosti 1903, Oskar Messter aliwaonyesha watu wa Berlin, katika ukumbi wa Apollo, picha zilizokwenda sambamba na santuri: mwimbaji alionekana akifumbua kinywa kwenye turubai huku sauti ikitoka kwenye gramafoni. Picha hizo zilikuwa za dakika tatu au nne tu, kwa kuwa santuri ya wakati ule haikuweza kubeba zaidi ya hapo. Tangu mapema sana, basi, wimbo na filamu fupi walikuwa ndugu wa nyumba moja. Kilichokuwa kigeni kwa Peckinpah ni kuuchukua wimbo wenye amani kuliko zote, asiubadilishe hata kidogo, akaubandika mahali ambapo amani ilikuwa imekwisha.

Ili kuielewa kazi hiyo hapana budi kurudi kwenye wimbo wenyewe, maana wengi wanaoujua wanaujua nusu.

Maneno yake yalitungwa na Franz Wiedemann, mwalimu wa shule wa Dresden, aliyezaliwa mwaka 1821 na kufariki mwaka 1882. Sauti yake ni kongwe kuliko maneno. Ilikuwa ya wimbo wa karne ya 18, na mwalimu mwingine, Hermann Adam von Kamp (1796–1867), alikuwa ameitumia kwa shairi lake la kuusifu mwezi wa Mei. Ni sauti nyepesi mno: haitumii noti zaidi ya tano, na mtoto ambaye koo lake bado halijakomaa anaweza kuipanda na kuishuka bila kuchoka. Pengine ndiyo sababu ilisafiri mbali kuliko Hans mwenyewe. Waingereza na Wamarekani waliitilia maneno ya kupiga makasia, na Wajapani wakaifanya wimbo wa kipepeo katika kitabu cha nyimbo za shule za msingi kilichoandaliwa chini ya Isawa Shūji mwaka 1881. Mpaka leo mtoto anayejifunza fidla kwa mtindo wa Suzuki, awe wa Tokyo au wa Chicago, hukutana nayo katika kurasa za mwanzo za kitabu cha kwanza.

Wiedemann alitunga beti tatu. Katika ubeti wa kwanza Hans mdogo anatoka nyumbani peke yake kwenda katika ulimwengu mpana. Ana bakora na kofia, vyote vimemkaa vizuri, na moyo wake ni mkunjufu. Mama analia kwa kuwa sasa hana tena mwanawe, ila macho yake yanamtakia heri na kumsihi asikawie kurudi. Katika ubeti wa pili imepita miaka saba, yenye mawingu na yenye jua. Kijana anakumbuka kwao, anaharakisha kurudi, lakini huyu si Hans mdogo tena. Ni Hans mkubwa, paji la uso na mikono vimebabuka kwa jua. Je, atatambuliwa? Katika ubeti wa tatu watu wanampita mmoja, wa pili, wa tatu, wasijue ni nani. Dada yake anamwangalia na hamjui. Kisha anakuja mama, na kabla hajamaliza kumtazama machoni anamwita kwa jina na kumsalimia kama mwanawe.

Msomaji aliyezoea mashairi ya pwani atapenda kusikia jinsi ubeti huo ulivyofumwa. Mishororo yake haina mizani sawa. Huanza kwa vipande viwili vifupi vya mizani tatu tatu, vikafuatwa na kipande cha mizani saba. Kisha tatu, tatu, na tano. Kisha huja mishororo miwili mirefu ya mizani saba kila mmoja. Na mwisho hurudi tena tatu, tatu, tano. Vina navyo hufuata mafungu hayo: vitatu vya namna moja, vitatu vya namna nyingine, jozi, kisha vitatu vya mwisho. Vipande vifupi ni hatua za mtoto anayekwenda, tap, tap, halafu anakimbia. Mishororo miwili mirefu ya katikati, katika ubeti wa kwanza, ndiyo ya mama na machozi yake. Mtunzi amempa mama pumzi ndefu kuliko zote. Hilo si jambo dogo katika ubeti wa mizani arubaini na tisa, na ni haki kusema kwamba mwalimu huyu wa Dresden, ambaye leo anakumbukwa kwa wimbo mmoja tu, alikuwa na sikio.

Hata jina la mhusika lina kazi. Hans ni kifupi cha Johannes, ndiye Yohana wa Wakristo na Yahya wa Waislamu, na katika Ujerumani ya zamani lilikuwa jina la kila mtu, kama Juma lilivyo kwetu. Kiambishi kinachowekwa mwishoni mwake ili kulidogosha hulitoa jina katika jinsia ya kiume na kulitia katika ile isiyo ya kike wala ya kiume, karibu sana na Kiswahili kinavyomtoa mtoto katika ngeli ya watu na kumfanya kitoto. Wajerumani wanayo methali isemayo kwamba asilojifunza Hans akiwa mdogo, Hans mkubwa hatajifunza kamwe. Ni samaki mkunje angali mbichi. Kwa hiyo ubeti wa pili unapotangaza kwamba mdogo amekuwa mkubwa, hausemi habari ya umri tu. Sarufi yenyewe imegeuka, mtoto ameingia katika ngeli ya wanaume.

Na bakora na kofia? Katika nchi za Wajerumani kijana aliyemaliza uanagenzi wa useremala, uashi au uhunzi alitoka kwao akazunguka mji hadi mji, akifanya kazi kwa mafundi wageni, kabla ya kuruhusiwa kuitwa fundi kamili. Kofia na fimbo vilikuwa alama zake, na wachache wanaoishika desturi hiyo hadi leo huvaa hivyo hivyo na hukaa mbali na kwao kwa miaka mitatu na siku moja. Msikilizaji wa karne ya 19 hakuhitaji kuelezwa kwa nini kijana anaondoka. Safari ilikuwa jando lake. Kilio cha mama kilikuwa sehemu ya mambo, na kurudi akiwa hatambuliki kulikuwa dalili kwamba safari imemkomaza.

Baadaye wimbo ulifupishwa. Katika toleo linaloimbwa zaidi siku hizi Hans huondoka, mama hulia, na hapo hapo mtoto hujirudi na kukimbilia nyumbani. Miaka saba imefutwa, dada amefutwa, mikono iliyobabuka imefutwa. Walioufupisha walikuwa na nia njema bila shaka: walitaka mtoto wa miaka mitatu alale bila hofu. Lakini kilichotoka ni wimbo mwingine kabisa. Wa Wiedemann unamwambia mtoto kwamba atakwenda, atabadilika, na atatambuliwa. Huu mfupi unamwambia asiende. Ni vigumu kuamua upi ni mkali zaidi, ila ni wazi upi ni wa kweli zaidi.

Kabla ya Peckinpah, sinema ilikuwa imekwisha kuugusa wimbo huu mara moja, tena kwa njia ya pembeni. Katika filamu ya Stanley Kubrick ya mwaka 1968, "2001: A Space Odyssey", kuna kompyuta inayozimwa polepole na mwanaanga, na kadiri akili yake inavyopungua ndivyo inavyorudi utotoni, mpaka ikaimba wimbo wa kwanza iliofundishwa. Kwa Kiingereza ni wimbo wa mapenzi wa mwaka 1892, uliochaguliwa kwa kuwa mwaka 1961 kompyuta ya kweli katika maabara za Bell huko Marekani iliwahi kuuimba. Waliotia sauti za Kijerumani hawakuutafsiri. Waliona kwamba kwa Mjerumani wimbo wa kwanza kabisa akilini, na kwa hiyo wa mwisho kutoka, hauwezi kuwa mwingine ila "Hänschen klein". Hapo maana ya wimbo iliongezeka pasipo mtu kukusudia: kinachokufa kinamtaja mtoto anayetoka nyumbani.

Peckinpah alikusudia. Alikuwa mtu mwenye mazoea ya kuwaweka watoto mlangoni mwa filamu zake za damu. "The Wild Bunch" ya mwaka 1969 huanza na watoto wanaocheka huku wakitazama siafu wakimla nge. Safari hii watoto hawakuonekana wakicheza. Walisikika tu, na waliofanya ukatili kwenye picha ni watu wazima ambao zamani waliimba wimbo huo huo.

Muziki uliandaliwa na Ernest Gold, na historia ya mtu huyu haifai kupitwa. Alizaliwa Vienna mwaka 1921. Mwaka 1938, Hitler alipoimeza Austria, familia yake yenye asili ya Kiyahudi ilikimbilia Marekani, naye akiwa na umri wa miaka 17. Huko akawa mtunzi wa muziki wa sinema na kupata tuzo ya Oscar kwa filamu ya "Exodus" ya mwaka 1960. Kwa hiyo aliyeufuma wimbo wa Hans mdogo pamoja na ngoma za jeshi hakuwa mgeni aliyeokota wimbo wa watu wengine kitabuni. Alikulia katika lugha hiyo. Kijana huyo naye aliondoka kwenda katika ulimwengu mpana, lakini hakuondoka kwa moyo mkunjufu.

Hesabu ndogo inaonyesha jinsi wimbo ulivyoikaa historia. Chukua mtoto yeyote wa Kijerumani aliyezaliwa mwaka 1926. Alitimiza miaka kumi mwaka 1936, ndio umri wa kupokewa katika tawi la wadogo la Vijana wa Hitler, na mwaka huo huo ilipitishwa sheria iliyoufanya umoja huo kuwa wa taifa zima. Alivishwa sare, akafundishwa kupiga gwaride, na nyimbo zilikuwa sehemu kubwa ya mafunzo. Miaka saba baadaye, mwaka 1943, akiwa na miaka 17, alikuwa tayari kwa jeshi. Miaka saba ile ile ya Wiedemann. Ila nchi ya ugeni ilikuwa uwanja wa gwaride, na aliyelia hakuruhusiwa kulia hadharani. Mwaka 1943 ndio pia mwaka wa hadithi ya filamu: majeshi ya Ujerumani yanarudi nyuma katika rasi ya Taman, kati ya Bahari ya Azov na Bahari Nyeusi, na Warusi wanawafuata.

Hadithi yenyewe ilitokana na riwaya ya Willi Heinrich, aliyepigana upande huo wa mashariki na kujeruhiwa mara kadhaa. Askari mzoefu Steiner, aliyeigizwa na James Coburn, anawachukia maofisa wote. Kapteni Stransky, aliyeigizwa na Maximilian Schell, mwana wa ukoo wa kibwana wa Prussia, ameomba kuletwa mstari wa mbele kutoka Ufaransa kwa shauku ya nishani moja tu, ule msalaba wa chuma. Kati yao anatupwa mtoto wa Kirusi aliyetekwa, kitoto hasa, ambaye Slavko Štimac wa Yugoslavia alimwigiza karibu bila maneno. Kapteni anaamuru auawe. Steiner na wenzake wanamficha. Baadaye Steiner anamwachia arudi kwao, na mtoto anapokimbia kuelekea upande wa nyumbani anauawa kwa risasi za Warusi wenyewe wanaosonga mbele. Toleo fupi la wimbo linasema mtoto alijirudi, akakimbia nyumbani upesi. Peckinpah ameliigiza hilo neno kwa neno, na mwisho wake ndio huo.

Sehemu inayoujibu wimbo kwa ukali zaidi iko hospitalini. Steiner ameumia kichwa na yuko miongoni mwa majeruhi. Jenerali anakuja kuwatembelea, anataka kumpa mkono askari mmoja mlemavu. Askari anainua mkono wa kwanza: ni kigutu. Anainua wa pili: nao ni kigutu. Kisha anamnyooshea mguu. Kumbukumbu ya ubeti wa pili inamjia kwa lazima mtu anayeujua, ule unaotaja paji la uso na mikono iliyobabuka kama alama za mtu aliyekomaa safarini. Hapa paji limefungwa bendeji na mikono haipo. Muuguzi aitwaye Eva anamtaka Steiner arudi nyumbani pamoja naye. Anakataa, anapanda gari kurudi kwenye mahandaki. Huyu ni Hans mkubwa ambaye hana tena nyumba ila vitani, na baadhi ya wahakiki walioona sehemu hiyo kama kituko cha mapenzi kisicholazima hawakuusikiliza wimbo vizuri.

Filamu ilipigwa Yugoslavia mwaka 1976, na fedha zikamwishia mtayarishaji kabla kazi haijakamilika, hata mwisho wake ukapigwa kwa haraka na kwa kubuni papo hapo. Labda kwa sababu hiyo ndio mwisho wa ajabu ulioko. Stransky, mwenye shauku ya nishani, hajui hata kuitia bunduki risasi. Mtoto mwingine katika sare ya Kirusi anamlenga. Na Steiner anaangua kicheko. Kicheko hicho hakikatiki picha zinapokwisha. Kinaendelea juu ya picha mnato za raia na watoto walioteswa, nyingine za vita vilivyokuja baada ya hiyo ya dunia, na chini yake sauti za watoto zinarudi na wimbo ule ule. Kisha yanatokea maneno ya Bertolt Brecht kutoka mwisho wa tamthilia yake ya "Arturo Ui", aliyoiandika uhamishoni mwaka 1941, ya kuwaonya watu wasidhani kwamba hatari imezikwa pamoja na mtu mmoja.

Wapo waliosema kwamba Peckinpah aliutukana wimbo, kana kwamba alidai Hans mdogo ndiye aliyezaa askari. Dai hilo halisimami. Ukiuangalia mpangilio wa zile dakika za mwanzo, wimbo haukuwekwa upande wa ngoma za jeshi. Uliwekwa dhidi yake. Ngoma ndizo zinazouingilia. Kila mara watoto wanapoanza upya ni kama wanaomba waachiwe wamalize ubeti wao.

Riwaya ya Heinrich ilitoka mwaka 1955. Mwaka huo huo, mwezi Septemba, Konrad Adenauer alikwenda Moscow kuomba wafungwa wa vita wa mwisho waachiliwe, na kuanzia Oktoba wafungwa wapatao elfu kumi wakaanza kufika katika kambi ya Friedland, miaka kumi baada ya bunduki kunyamaza. Picha za siku zile zinajulikana sana Ujerumani. Mabasi yanaingia, na kando ya njia wamesimama wanawake wazee walioshika juu mabango yenye picha za vijana, na chini ya kila picha limeandikwa jina, namba ya kikosi, na mahali alipoonekana mara ya mwisho. Wanaume wanashuka, wamekonda, wamezeeka kabla ya wakati. Katika ubeti wa tatu wa Wiedemann watu watatu wanapita wasimtambue kijana, na mama mmoja anamtambua. Friedland mambo yalikuwa kinyume: waliopita walikuwa maelfu, na akina mama waliwatazama machoni mmoja baada ya mmoja, kisha wakawanyanyulia picha na kuuliza kama kuna anayemjua huyu.